Kupiga filamu chini ya maji: Hata mtoto wa Ukambani anaiweza kazi hii

MSOMAJI mpendwa, hebu mfikirie kijana wa sekondari kule Mutomo au Wote akimwambia babake kwamba akimaliza masomo angependa kuwa mpiga filamu wa chini ya maji. Bila shaka mzee atacheka kwanza. Kisha atauliza: "Maji yapi?" Naye mama, ambaye tangu utotoni amekuwa akiamka alfajiri kufuata punda mtoni, atadhani mwanawe amechoka na vitabu.

Tusiwalaumu wazazi hao. Kitui na Makueni ni kaunti ambazo watu huhesabu mvua kama mfanyakazi anavyohesabu siku za mwisho wa mwezi. Mito mingi hutiririka kwa majuma machache tu, kisha hubaki mchanga mtupu. Mtoto huko hujifunza kuchimba mchanga kabla ya kujifunza kuogelea, na wengi hawajifunzi kuogelea kamwe.

Hata hivyo, swali la mzee lina jibu, na jibu lenyewe liko karibu kuliko anavyodhani. Mojawapo ya mahali palipotoa filamu za chini ya maji zilizosifiwa sana ulimwenguni ni kiasi cha kilomita 50 tu kutoka Mtito Andei, mji wa Makueni ambao kila anayesafiri kwa basi kati ya Nairobi na Mombasa anaujua kwa chai na mandazi. Juma hili basi, katika safu yetu ya kazi na ajira, tutaiangalia kazi hii: ilianzaje hapa kwetu, inahitaji nini, inalipa vipi, na mzazi amwambie nini mtoto anayeitamani.

Maji yaliyojificha

Ukisimama Kibwezi na kutazama upande wa machweo, utaiona Milima ya Chyulu. Milima hii ni michanga kwa umri, kwani ni mabaki ya volkeno ambazo ziliwahi kulipuka hata katikati ya karne ya 19. Mvua hunyesha huko juu, lakini hutaona mto wa kudumu ukishuka. Mawe yake yana matundu kama sifongo, hivyo maji hudidimia yote na kusafiri chini kwa chini.

Maji hayo hujitokeza tena mbali, kwenye chemchemi kama zile za Makindu, Kiboko na Umani kule Kibwezi. Kubwa kuliko zote ni chemchemi ya Mzima, iliyo ng'ambo tu ya mpaka wa Makueni, ndani ya Mbuga ya Tsavo Magharibi katika Kaunti ya Taita Taveta. Hukadiriwa kuwa lita milioni 250 hivi hububujika hapo kila siku, maji maangavu kama kioo. Sehemu yake husafirishwa kwa bomba hadi Mombasa tangu miaka ya 1950. Kwa hiyo msomaji wa Kisauni au Likoni ukifungua mfereji wako leo, huenda unakunywa mvua iliyonyesha Chyulu.

Maji maangavu ndiyo mtaji wa kwanza wa mpiga filamu. Mito yetu mingi ina tope la rangi ya chai ya maziwa. Hata ukiwa na kamera ya mamilioni ya shilingi, ndani ya tope hutaona kitu. Mzima imechujwa na milima mizima, na ndani yake wanaishi viboko, mamba, kobe wa majini na makundi ya samaki. Sharti la kwanza limetimia.

Alan, Joan na jino la kiboko

Sayansi ya kupiga picha majini ilianza zamani. Mfaransa Louis Boutan alipiga picha chini ya bahari mwaka wa 1893, akitumia kamera iliyofungiwa ndani ya kasha lisiloingiza maji. Kizuizi kikubwa kilikuwa pumzi. Mwaka wa 1943, Wafaransa wengine wawili, Jacques Cousteau na Emile Gagnan, walitengeneza kifaa kinachompa mzamiaji hewa kutoka kwenye mtungi kila anapovuta pumzi. Tangu hapo mtu aliweza kukaa chini ya maji akafanya kazi. Filamu ya Cousteau juu ya dunia ya kimya ya baharini ilishinda tuzo kuu ya Cannes mwaka wa 1956, na watu wengi wakatamani kumfuata.

Hapa kwetu waliofungua njia walikuwa mume na mke, Alan na Joan Root. Alan alizaliwa London mwaka wa 1937, akaletwa Kenya akiwa mtoto. Joan alizaliwa Nairobi mwaka wa 1936. Walioana mwaka wa 1961 na kwa miaka mingi wakawa wakiishi kwenye hema na gari, wakipiga filamu za wanyama kwa ajili ya televisheni ya Uingereza. Filamu yao juu ya chemchemi ya Mzima iliwashangaza watazamaji, kwa sababu iliwaonyesha jambo ambalo hata wataalamu walikuwa wakilibahatisha tu: kiboko anaishi vipi akiwa chini ya maji.

Wengi wetu hudhani kiboko huogelea. La! Ni mzito mno. Hutembea juu ya sakafu ya maji, akijisukuma kwa miguu na kuinuka polepole, kama mtu anayeota ndoto ya kuruka. Usiku hutoka akala nyasi. Mchana hurudi majini na kutoa kinyesi. Kinyesi hicho ndicho chakula cha wadudu na samaki, nao samaki huliwa na mamba na ndege. Samaki wengine humlamba kiboko ngozi na kumsafisha mpaka mdomoni, naye hutulia kama mteja kwenye kiti cha kinyozi. Ukitaka kujua kwa nini maji ya Mzima yana uhai mwingi hivyo, anza na nyasi zilizo nje ya maji.

Ujuzi huo haukupatikana bure. Siku moja walipokuwa wakizamia Mzima, kiboko dume aliwashambulia. Jino lake lilipasua miwani ya kuzamia aliyovaa Joan, likamkosa uso kwa kiasi kidogo sana. Kisha akamgeukia Alan na kumng'ata mguu, akaacha tundu kubwa kwenye shavu la mguu. Alan alipona baada ya kulazwa hospitalini Nairobi, akaendelea na kazi kwa miaka mingi hadi alipofariki mwaka wa 2017. Joan aliuawa na majambazi nyumbani kwake Naivasha mnamo Januari 2006, akiwa katika juhudi za kuliokoa ziwa hilo na uvuvi haramu.

Baada yao walikuja Mark Deeble na Victoria Stone, Waingereza walioanza kwa kupiga filamu za bahari ya kwao. Walizamia Ziwa Tanganyika kupiga samaki wake, kisha wakapiga kambi Mzima na kutoa filamu nyingine juu ya viboko hao mwanzoni mwa miaka ya 2000. Watu hao hao ndio waliotengeneza filamu juu ya mti wa mkuyu, ambao kila Mkamba anaujua, na ile ya malkia wa ndovu iliyotoka mwaka wa 2018.

Tazama jambo moja, msomaji. Majina haya yote si ya watu wa Kibwezi wala wa Mutomo. Si kosa lao. Walifanya kazi nzuri na kwa jasho. Lakini kuna mambo ambayo mgeni hayaoni kwa sababu hajui pa kuyatafuta, na mwenyeji hayaoni kwa sababu ameyazoea. Mtu anayeweza kuyaona yote mawili ni mwenyeji aliyesomea kazi.

Fizikia si adui yako

Sasa tuje kwenye kazi yenyewe. Wanafunzi wengi huuliza, "Nisome nini?" Nitajibu kwa kuonyesha kinachotokea pale chini.

La kwanza ni pumzi. Kila unapozama mita 10, uzito unaokukandamiza huongezeka sawa na ule wa hewa yote iliyo juu ya nchi kavu. Hewa inayojaza chupa ya lita mbili juu ya maji hubanwa ikawa lita moja ukifika mita 10. Ukivuta pumzi kutoka kwenye mtungi huko chini, ukaibana na kupanda haraka, hewa hiyo hutanuka maradufu kifuani na inaweza kupasua mapafu. Kwa hiyo amri ya kwanza ya mzamiaji ni: usibane pumzi kamwe. Mwalimu wako wa sayansi anaiita Sheria ya Boyle. Darasani ukiikosea unapoteza alama mbili. Majini unapoteza maisha.

La pili ni kuelea. Mpiga filamu hapaswi kuzama wala kupanda. Anatakiwa asimame katikati ya maji kama mwewe anavyosimama hewani. Hufanya hivyo kwa kupima uzito anaojifunga kiunoni na kwa pumzi zake: akivuta hewa hupanda kidogo, akiitoa hushuka. Hii ni kanuni ya Archimedes. Asiyeimudu hugusa sakafu, tope huinuka, na kazi ya siku nzima imekwisha.

La tatu ni mwangaza. Maji hupinda mwangaza, ndiyo maana ukitazama kwa miwani ya kuzamia samaki huonekana mkubwa na karibu kuliko alivyo. Tena maji hula rangi. Nyekundu hupotea kwanza, katika mita chache tu, kisha ya machungwa na manjano, hadi kila kitu kionekane cha samawati au kijani. Mpiga filamu hubeba taa ili kurudisha rangi, lakini akiziweka karibu na kamera, mwangaza hugonga chembe za uchafu na kumrudia, mfano wa taa za matatu ndani ya vumbi la barabara ya Zombe. Hivyo taa hukaa kando kwenye mikono mirefu, naye husogea karibu na mnyama kadiri awezavyo bila kumsumbua.

La nne ni kimya. Mtungi wa kawaida hutoa mapovu yenye kelele, na wanyama wengi hukimbia. Wataalamu hutumia vifaa vinavyosafisha pumzi na kuirudisha itumike tena, bila povu hata moja. Wengine hawatumii mtungi kabisa. Craig Foster wa Afrika Kusini alizamia baharini karibu na Cape Town kwa pumzi yake tu, siku baada ya siku, akimfuata pweza mmoja. Filamu iliyotokana na subira hiyo ilishinda tuzo ya Oscar mwaka wa 2021.

Basi kwa wale walio kwenye mtaala mpya, ambao sekondari ya juu ina njia ya sayansi na ufundi, ya sayansi za jamii, na ya sanaa na michezo, kazi hii inaweza kuanzia njia ya kwanza au ya tatu. Fizikia na biolojia zitakusaidia kuyaelewa maji na viumbe wake. Sanaa itakufundisha kusimulia. Jiografia nayo usiitupe, kwani mpiga filamu asiyejua mvua ya Chyulu inakwenda wapi hatajua aiweke kamera wapi. Na lugha? Filamu ni hadithi. Asiyeweza kuandika insha iliyo na mwanzo, kati na mwisho, hata akipewa kamera atarudi na picha nzuri zisizosema kitu.

Baada ya shule, Taasisi ya Mawasiliano ya Umma ya Kenya (KIMC) kule Nairobi hufundisha kazi ya filamu. Chuo Kikuu cha Pwani, Kilifi, hufundisha sayansi ya viumbe wa baharini. Kuzamia hufundishwa na shule za wazamiaji zilizoko pwani, kama Diani na Watamu, kufuatana na masharti ya kimataifa. Cheti cha kwanza cha chama kama PADI hudai uweze kuogelea mita 200 na kuelea dakika 10, na hukuruhusu kushuka hadi mita 18. Huo ni mwanzo tu. Mtu hashiki kamera mpaka kuzamia kumekuwa kwake kama kutembea.

Ukweli juu ya pesa

Nisikudanganye, kijana. Kazi hii haina mshahara wa kila mwezi kama ya ualimu. Wengi hulipwa kwa siku au kwa mkataba wa filamu moja. Filamu ya saa moja inaweza kuchukua miaka miwili, mitatu au zaidi, na siku nyingi ni za kungoja tu. Vifaa ni ghali: kamera, kasha lake, taa, mitungi na nguo za kuzuia baridi, kwa maana maji hunyonya joto la mwili upesi sana kuliko hewa. Fauka ya hayo, filamu ya biashara huhitaji leseni, na ukitaka kuingia mbugani lazima upate idhini ya Shirika la Huduma kwa Wanyamapori (KWS).

Ndiyo maana wenye busara hupanda ngazi hatua kwa hatua. Anza na harusi na mazishi, ambako utajifunza kushika kamera isitetemeke huku watu wakikusukuma. Nenda kituo cha televisheni, ujifunze kumaliza kazi kwa wakati. Jiunge na kikundi cha filamu za wanyama kama mbeba vifaa au dereva. Alan Root mwenyewe alianza kwa kuwasaidia wengine, na alikuwa miongoni mwa waliopiga picha za filamu mashuhuri juu ya Serengeti iliyotoka mwaka wa 1959. Siku hizi Wakenya nao wamo. Jahawi Bertolli, kwa mfano, amejipatia jina kwa picha na filamu za bahari ya Kenya.

Jambo jingine la kumtuliza mzazi ni kwamba ujuzi huu una matumizi mengi. Mabwawa ya umeme ya mto Tana, kama Masinga na Kiambere, yana kuta na milango ambayo lazima ikaguliwe chini ya maji. Watafiti wa samaki na matumbawe huhitaji picha. Polisi na wanamaji huhitaji wazamiaji wanaoona. Gari lilipotumbukia kutoka feri ya Likoni Septemba 2019, wazamiaji na kamera ndio waliolitafuta kwa siku nyingi hadi likapatikana.

Hofu ya mama ina sababu

Hapa, msomaji, hatuna budi kunena jambo zito. Mama wa Kitui akikataza mwanawe asikaribie maji, si ushamba. Tarehe 4 Desemba 2021, basi lililobeba wanakwaya waliokuwa wakienda harusini lilijaribu kuvuka mto Enziu, karibu na Mwingi, ukiwa umefurika. Zaidi ya watu 30 walikufa maji mbele ya macho ya waliosimama ukingoni. Mto uliokuwa mchanga mtupu siku chache kabla ulikuwa umegeuka kaburi. Na kila mwaka mabwawa ya mifugo na mashimo yaliyoachwa na wachota mchanga huchukua watoto ambao hawakujua kina chake.

Lakini hofu peke yake haimwokoi mtu majini. Kuogelea na kuyajua maji ndiko humwokoa. Mtu aliyefunzwa vizuri kuzamia hawezi kuingiza gari kwenye mto uliofurika, kwa sababu amefundishwa nguvu ya maji ni nini. Ndiyo maana nasema kwamba hata kama mtoto wako hatapiga filamu hata moja, akiitamani kazi hii kwa dhati na kuanza kujitayarisha, atapata elimu ambayo watoto wengi wa Ukambani hawana.

Basi ninyi jamaa za mjini, wapwa na binamu zenu wanapowatembelea wakati wa likizo, msiwaketishe mbele ya televisheni kutwa. Wapelekeni kwenye kidimbwi cha kuogelea chenye mwalimu. Asijifunzie mtoto kwenye bwawa la kijijini. Humo mna tope, hamna mwokozi, na maji yaliyotuama ya Ukambani yana kichocho tangu zamani. Na kijana asijaribu hata kidogo kuzamia panapo mamba au viboko. Waliofanya hivyo Mzima walikuwa na ujuzi wa miaka, na bado kiboko aliwapata.

Anzia ulipo

Je, kijana wa Kitui aanze vipi leo, kabla ya kidimbwi, kabla ya Diani? Aanze na maji aliyo nayo.

Tangu miaka ya 1990 mashirika na vikundi vya wanakijiji wamejenga mamia ya mabwawa ya mchanga katika kaunti hii. Ukuta hujengwa kukingama mto wa msimu. Mafuriko huleta mchanga, mchanga hujaa nyuma ya ukuta, na maji hukaa katikati ya chembe zake, salama na jua. Juu ni pakavu, chini pana maji. Nani amewahi kupiga picha kisima cha mchanga kutoka ndani, wakati maji yanapoanza kuchuruzika na kujaa polepole usiku kucha? Hiyo haihitaji mtungi wa hewa. Inahitaji simu, chombo cha kioo cha kuizuia isilowe, na kijana mwenye subira.

Kuna madimbwi ya mvua pia. Katika nyanda kavu za Kenya wamo samaki wadogo ambao mayai yao hukaa ndani ya tope lililokauka miezi na miezi, yakisubiri mvua. Ikinyesha, huanguliwa, hukua, hutaga na kufa kabla dimbwi halijakauka. Hadithi ya uhai mzima imo ndani ya maji yanayofika magotini.

Na kuna mto Athi. Mto huu, unaozigawa Makueni na Kitui, hupokea maji machafu ya Nairobi na kuyashusha hadi kwa watu wanaoyachota kwa madebe. Msomaji wa Kayole au Industrial Area, kinachotoka kwako huishia huko. Ujenzi wa bwawa kubwa la Thwake, mahali mito ya Athi na Thwake inapokutana, ulizinduliwa mwaka wa 2018, na tangu hapo watu wamekuwa wakiuliza uchafu huo utakuwaje ukishakusanyika mahali pamoja. Maneno juu ya mto huo yamesemwa mengi. Picha ya kilicho chini yake, iliyopigwa na mtu aliyelelewa ukingoni mwake, ingesikika mbali kuliko hotuba.

Hata Mzima yenyewe haisubiri. Ukame wa mwaka wa 2009 ulimaliza nyasi, na kundi la viboko lililokuwa na makumi likabaki na wachache wa kuhesabika kwa vidole. Bila viboko hakuna kinyesi, na bila kinyesi mlo wa samaki hupungua. Filamu za kina Root na za kina Deeble sasa ni ushahidi wa jinsi chemchemi hiyo ilivyokuwa. Wajukuu wetu wakitaka kujua ilivyo katika miaka yetu, lazima pawe na mtu aliyeingia na kamera.

Kwa hiyo mzazi, kijana akikuletea habari hii, usicheke. Muulize maswali matatu: Je, unajua kuogelea? Unapata alama gani kwenye fizikia? Umewahi kukaa mahali pamoja saa tatu ukitazama kitu kimoja bila kuchoka? Akijibu la kwa yote matatu, ana kazi ya kufanya kabla ya kuzungumzia kamera. Akijibu ndiyo kwa lile la tatu peke yake, mtafutie mwalimu wa kuogelea, kwani mengine yote hufundishwa.

Na kama likizo ijayo mtapita Mtito Andei na mkiba wa mafuta unaruhusu, ingieni Tsavo Magharibi mpaka Mzima. Kuna chumba kilichojengwa ndani ya maji chenye madirisha ya vioo. Shukeni ngazi na watoto, mnyamaze, mtazame samaki wakipita. Mtoto atakayesema "twendeni" baada ya dakika mbili, mpeleke akanywe soda. Yule ambaye itabidi umvute mkono ili mwondoke, huyo ndiye wa kuanza kumwekea akiba.

Juma lijalo tutaangalia kazi ya mpima ardhi. Hadi hapo, kwaheri ya kuonana.